Mabawa ya Pilipili na Firigisi Zako

Butembo, Vulamba, siku ya yenga, kisha misa

Papa Ornella, bwana yangu,

Huku tuko wazima, mais wewe kule Beni uko namna gani? Tangu vita ilifunga barabara, hakuna mutu mwenye alituletea habari yako.

Juzi basoda na bunduki zao balizunguka Vulamba, banakamata kuku za batu. Donc tulichinja zetu zote mbele bafike kwetu. Mabawa nilipika vile ulinifundisha: nikayalaza ndani ya ndimu, tangawizi na pilipili mingi, kisha nikayafungia ndani ya sufuria, makala ya moto chini, ingine juu ya kifuniko. Yalikauka vizuri, yakawa mekundu. Mutoto wetu Ornella alilia juu ya pilipili, lakini alikataa kuacha kula.

Nilifurahi kidogo, mupaka mama yako akaanza kugawa nyama. Unajua, firigisi ni za mwenye nyumba; hata ukiwa safarini tunakuwekea. Siku hiyo alizichukua, akaziweka kwa sahani ya mudogo wako Kambere, sawa vile yeye sasa ni mwenye nyumba. Kambere aliangalia chini. Sikuuliza balisikia nini juu yako.

Nilizitoa kwa sahani yake na mukono yangu, mbele ya wote. Nikazipaka chumvi na pilipili, nikazitundika juu ya moshi wa jikoni. Tangu pale mama yako hasemi na mimi.

Hapana kukawia. Kuya nyumbani uzikule, mama yako aone uko muzima.

Ni mimi Kavuo, bado bibi yako