Ncha ya Mkuki

Kitale, Jumanne

...na mchezo tuliuzima saa kumi.

Nekesa, mjukuu wangu, amekuja kuniuguza chuo kikiwa kimefungwa. Ameniwekea mchezo wake wa mapigano kwenye televisheni, ati nisilale mchana kutwa. Leo alinipa shujaa mwenye mkuki, apigane na jitu lenye rungu. Nililikaribia jitu mno, likanipiga rungu mara tatu.

Nekesa, ambaye huniita Kuka, yaani babu, akasema, "Kuka, mkuki si panga, bana. Ukisimama karibu hivyo unalipiga na mpini tu. Rudi nyuma hatua mbili. Likikosa, lichome na ncha."

Nikarudi hatua mbili. Jitu likazungusha rungu, likakosa, nikalichoma. Halikunigusa tena hadi likaanguka.

Nekesa alicheka. "Umejulia wapi hiyo, Kuka? Mimi nilipigwa wiki nzima."

Nikamwambia ni bahati. Huo ni uongo. Nilifundisha miaka thelathini, na hatua mbili kutoka kwa mwanafunzi ndipo nilipokuwa nikisimama na fimbo, ili ncha ndiyo ifike, kwa sababu ncha ndiyo huuma.

Wafula, mwanangu na baba yake Nekesa, alikuwa darasani mwangu. Siku moja aligeuza uso fimbo ikiwa tayari hewani. Jicho lake la kushoto halijaona tena. Tulisema alianguka, naye akakubali kusema hivyo, mpaka leo.

Kifua hiki hakitanipa mwezi mwingine. Wafula anakuja Jumamosi kutoka Bungoma, nami nitamwomba msamaha. Ninachoogopa ni kwamba atanisamehe haraka, ili tu ninyamaze.

Nitamwomba Nekesa akae nasi chumbani, asikie.