Waliokaa Juu ya Kichuguu

Mama mkubwa,

Shikamoo. Nimeandika hivyo halafu nikasubiri, kama mjinga, uitikie.

Kesho tunajengea kaburi lako, na mimi ndiye nitakayetaja majina ya marehemu wetu. Naogopa. Niko jikoni kwako hapa kijijini Kate. Nimemaliza kidato cha nne, nangoja matokeo, lakini hayo siyaogopi kama kesho. Kwenye kikao cha ukoo Baba mdogo alisema hukumfundisha mtu mwingine, basi ni mimi. Niliitikia kwa kichwa, maana kukataa kungehitaji sauti.

Unakumbuka ulivyoanza kunifundisha? Nilirudi likizo kutoka mjini nikiwa nalia. Mwalimu alikuwa amenisimamisha nisome mbele ya darasa, karatasi ikatetemeka mkononi mpaka wenzangu wakacheka. Hukunibembeleza. Ulisema, "Sasa hiyo karatasi tutaitupa," ukanipeleka kwenye shamba la ulezi.

Majina ya marehemu wa ukoo wetu uliyapanga kwenye njia ya kutoka shambani mpaka mlangoni kwako. Wa zamani wako shambani, wa karibuni wako nyumbani. Kila mmoja ulimpa mahali na kitu cha kufanya, na kitu chenyewe kilikuwa lazima kiwe cha ajabu. Babu Deusi yuko kwenye kijito, anamwosha mbuzi kwa sabuni. Bibi Skolastika yuko chini ya mti wa msuku, amejaza matunda yake, masuku, kwenye kofia ya padri. Nilicheka sana, ukasema kilichonichekesha hakitanitoka.

Halafu ukaanzia mwisho. Kwanza mlango peke yake. Siku nyingine uani na mlango. Kisha kichuguu cha njiani, uani na mlango. Ulisema wanaojifunza kuanzia mwanzo huingia gizani kila wanavyoendelea, lakini mimi nikiyataja kutoka shambani nitakuwa naelekea nyumbani, na kila hatua nitaijua kuliko ile niliyoiacha nyuma. Ndiyo maana tulipokuwa wawili sikuogopa.

Sasa nikuambie kilichobadilika. Kile kichuguu hakipo. Baba mdogo alikibomoa, akafyatua matofali na kuyachoma, kwa sababu udongo wake ndio mzuri na kaburi lako lilihitaji matofali. Sina neno naye. Lakini wewe ulikuwa umemkalisha pale babu Kaspari na kiko chake, na kaka yake Ladislausi ameegesha baiskeli kileleni kabisa. Sasa nikiipita ile njia kichwani, nafika pale naona shimo. Nikiwa nimekaa, majina yao nayajua. Nikisimama kuyasema, nafika kwenye shimo, naruka mpaka uani.

Jumapili nilijaribu mbele ya wageni waliotangulia kufika. Bibi Auleria amekuja kutoka Laela, na babu Kaspari ndiye baba yake mzazi. Nilipomaliza watu wakaitikia amina. Yeye akasema taratibu, "Baba yangu umemwacha porini, mjukuu." Hakukasirika. Afadhali angekasirika. Baadaye aliniambia kwamba kule anakoishi hakuna aliyebaki wa kulitaja jina lile, na amepanda basi na miguu yake ile iliyovimba ili alisikie likitajwa.

Baba mdogo akaniambia niandike tu, nisome. Nilijaribu. Karatasi ikatetemeka.

Leo asubuhi nilikwenda kaburini peke yangu. Matofali yamepangwa pembeni, yanangoja mafundi. Niliweka kiganja juu yake, ni udongo ule ule mwekundu, bado una punje ndogo nyeupe kama kile kichuguu. Nikamwona babu Kaspari. Amekaa juu ya matofali, anavuta kiko, amenuna kwa sababu nimemchelewesha. Ladislausi anazunguka na baiskeli yake, anatafuta pa kuiegemeza. Hawakupotea, Mama mkubwa. Wamehamia kwako. Nikaanza tena kutoka shambani, kwa sauti, kwenye kijito, chini ya msuku, kwenye matofali, uani, nikafika mlangoni.

Hapo nikakwama, na hili sijamwambia mtu.

Kesho jina la mwisho ni lako. Baada ya wote uliowapanga, mlangoni ni pako. Nikikutaja, umekuwa mmoja wao. Nimetafuta kitu cha ajabu nikupe ufanye, nicheke, kisinitoke. Sikipati. Nakuona tu umesimama na ungo kiunoni, umenikazia macho, unangoja nimalize ili twende tukale. Hakuna cha ajabu hapo. Ni wewe tu. Nikifika hapo mdomo unajifunga, na naogopa kwamba kesho utajifunga huku watu wote wananiangalia.

Lakini ulinifundisha kwamba mwisho ndio niujue kuliko vyote. Na wewe nakujua.

Kwa hiyo nakuahidi. Karatasi sitaishika. Mkono wangu utakuwa juu ya tofali. Babu Kaspari sitamruka, Bibi Auleria amesema atakaa mbele kabisa. Na nikifika mlangoni nitainua uso, nitataja jina lako lote, la ubatizo na la nyumbani, hata kama sauti itatoka ndogo.

Pumzika, Mama mkubwa. Ila kesho usitoke mlangoni mpaka nifike.

Mwanao,
Edita