Gari Halina Bega

Kabanga, Ngara
9 Juni 2023

YAH: OMBI LA KUTAFUTIWA GARI DOGO

Binti yangu Aline,

Natanguliza kukujulia hali wewe, mumeo na wajukuu wangu, nikiamini kwamba barua hii inawakuta hapo Runazi mkiwa na afya, na duka likiwa na wateja. Mimi ni mzima. Mama yako naye anatembea, ingawa kwa vituo, na vituo hivyo ndivyo vilivyonifanya nishike kalamu.

Utasema simu ipo. Ipo, lakini jambo zito likisemwa kwa simu halibaki na nakala. Ndiyo maana nimemkabidhi utingo wa basi bahasha hii.

Kliniki imethibitisha kwamba moyo wa mama yako umetanuka. Pumzi ikimbana, anatakiwa afikishwe hospitali bila kuchelewa. Nawe unaijua njia yetu: kushuka bonde, kupanda upande wa pili, kisha kuifuata njia ya miguu hadi lami. Unajua pia kwamba mgonjwa wa kilima hiki hubebwa kwa machela, ile tuiitayo ingobyi, mabegani mwa wanaume wanne kwa kupokezana, na kwamba mimi ni katibu wa chama hicho cha machela kwa mwaka wa kumi na tisa sasa. Katiba yake niliiandika mimi, pamoja na ibara ya saba: "Asiyetoa bega hatatolewa bega."

Hata hivyo, liko jambo ambalo sijapata kukueleza. Mwaka tulipokimbia Burundi nilikuwa na miaka saba. Mama yangu alikuwa mgonjwa, akabebwa kwenye ingobyi. Mimi nilitembea nyuma nikiitazama miguu yake. Kabla hatujafika mpakani, miguu ile iliacha kutikisika kama miguu ya mtu, ikawa inatikisika kama mzigo. Waliobeba hawakujua. Mimi nilijua, nikanyamaza, nikaapa kwamba mtu wangu mwingine hatalazwa humo.

Kwa hiyo nimeuza shamba la mikaratusi. Leseni niliyokuwa nayo enzi za kuendesha lori la chama cha msingi nimeihuisha. Naomba unitafutie gari dogo la Kijapani la zamani, lenye bati zito, lililotunzwa na mkono mmoja.

Mimi baba yako mzazi,
Matiasi


Runazi, Biharamulo
2 Julai 2023

Baba, shikamoo.

Barua imefika, inanuka dagaa, maana utingo aliifanya jirani wa mizigo yake. Sisi hatujambo na watoto wanakuamkia. Habari za bibi yangu uliyemtazama miguu nimezisoma peke yangu stoo. Pole, Baba. Pole ya miaka yote hiyo.

Gari lipo. Ni Toyota Cresta nyeupe ya mwaka 1990, mali ya mzee Shibuda, aliyekuwa bwana shamba wa pamba. Hulifunika shuka. Nilipomweleza shida yangu hakutaja bei kwanza. Alinihoji kama mchumba.

"Baba yako anavuta sigara?"

"Hapana, babu."

"Anafuga mbuzi?"

"Anao watatu."

"Wasipandishwe. Hata akiwa mmoja, hata akiwa mgonjwa."

Viti bado vina nailoni ile ya kiwandani. Alisema ameikalia miaka ishirini na sita na makalio yake hayajawahi kugusa kitambaa. Mkewe, mama Kwandu, aliyekuwa akipepeta maharage pembeni, akasema, "Mimi nimepewa kiti cha mbele mara nne. Mara ya nne nilikuwa nakwenda kuzika."

Fundi wa hapa amelikagua, akasema injini inapumua vizuri. Mkataba tumeuandika mbele ya mtendaji wa kijiji na jina kwenye kadi litabadilishwa kuwa lako. Mzee amekutumia maagizo mawili. La kwanza, asubuhi uliache lingurume kidogo kabla ya kuondoka, kama mzee anayekohoa kabla ya kusema. La pili alilirudia mara tatu: "Tumbo lake liko chini. Hili ni gari la barabara, si la shamba. Mwambie hivyo hivyo."

Basi nakwambia hivyo hivyo.

Bintiyo,
Aline


Kabanga, Ngara
20 Agosti 2023

YAH: TAARIFA YA KUPOKELEWA KWA GARI

Binti yangu Aline,

Marahaba. Nawasalimu nyote, nikitumaini kwamba mafua ya mdogo yamekwisha. Nyumbani ni salama.

Ninayo heshima kukutaarifu kwamba gari limefika bila mkwaruzo. Nililipeleka hadi mlangoni kwa barabara niliyoichimba mwenyewe kwa majembe mawili, kupita bondeni, wiki sita. Watu walijitokeza. Mmoja alisema, "Katibu amenunua ng'ombe asiyekamuliwa." Jumapili nilimpeleka mama yako kanisani, yeye akiwa kiti cha mbele. Alitoka gauni likiwa limemganda mgongoni kwa jasho, akaniambia, "Matiasi, umenipakia kwenye mfuko wa sukari. Toa hii nailoni." Nilimweleza kwamba kitu kilichotunzwa miaka thelathini hakichanwi kwa sababu ya joto la siku moja.

Ametoa pia pendekezo kwamba gari lilale kule juu kando ya lami, kwenye mashine ya kusaga. "Gari likae barabarani, nyinyi mkae mabegani," ndivyo alivyosema. Sikuliafiki. Gari hulala kwa mwenyewe.

Aidha, nimewasilisha barua ya kujiuzulu ukatibu na kujitoa katika kubeba machela, nikiahidi kwamba badala ya bega langu nitatoa gari, kwa atakayeweza kufika lilipo. Mwenyekiti wetu Ndizeye aliisoma mbele yangu, akaikunja mara nne.

"Katibu," akasema, "gari halina bega."

"Lina magurudumu manne."

"Ndiyo. Nimeyahesabu. Bega sijaliona."

Tukaachana kwa amani, ila hakunisindikiza.

Baba yako,
Matiasi


Runazi, Biharamulo
6 Septemba 2023

Baba, shikamoo.

Tunaendelea vizuri, mafua yamehama kwa mdogo, yamenihamia mimi.

Nimekosa usingizi kwa ajili ya barua yako. Mama ameniambia kwamba siku hizi filimbi ya machela ikilia kilimani, wanaume wanakimbia na wewe unapangusa vioo. Hakusema kwa kukushtaki. Alicheka, kisha akakosa pumzi ya kumalizia kicheko.

Baba, siku Mama atakapobanwa na mvua imenyesha, nani atapigiwa filimbi? Ibara ya saba uliniimbisha nikiwa darasa la nne, ukisema ndiyo sentensi fupi kuliko zote ulizowahi kuandika na ndiyo nzuri kuliko zote. Nakuomba uifute ile barua. Gari libaki, nawe urudi.

Bintiyo,
Aline


Kabanga, Ngara
3 Oktoba 2023

YAH: MAJIBU YA OMBI LAKO

Binti yangu Aline,

Marahaba, na pole kwa mafua. Sisi tunashukuru Mungu.

Ombi lako nimelipokea na kulitafakari. Barua iliyokwisha kupokelewa na mwenyekiti haifutwi kwa sababu mwandishi wake ameingiwa na hofu. Barabara ya bondeni nimeimwagia kokoto. Asubuhi zote naliwasha gari na kuliacha likohoe, kama ilivyoagizwa.

Kuhusu filimbi, ni kweli imelia mara kadhaa. Mama yako husikia, hutoka, hukaa kwa majirani hadi jioni. Nadhani hapendi kuona wagonjwa wakipita.

Baba yako,
Matiasi


Runazi, Biharamulo
21 Novemba 2023

Baba, shikamoo.

Huku mvua ni siku ya tatu haijakatika. Mara ya mwisho Mama aliniambia miguu imevimba. Tangu jana napiga simu yako na yake, zote hazipatikani. Namkimbilia utingo na karatasi hii kabla basi halijaondoka.

Nipigie, Baba. Hata kama simu haina nakala.

Aline


Kabanga, Ngara
14 Januari 2024

YAH: MAELEZO KAMILI YA TAREHE 21 NOVEMBA

Binti yangu Aline,

Nakusalimu, nikiamini kwamba ulirejea kwako salama baada ya kumaliza matanga na kwamba wajukuu wameanza kulala bila kumuulizia bibi yao. Mwili wangu ni mzima.

Siku zote ulizokaa hapa msibani hukuniuliza kilichotokea, nami sikuweza kusema. Una haki ya kujua. Naandika.

Asubuhi ile mama yako aliamka akiwa amekaa, kwa maana kulala kulimshinda. Midomo ilikuwa imebadilika rangi. Nilimvika koti, nikamweka kiti cha mbele, nikawasha gari. Aliniambia, "Piga filimbi." Nikamjibu kwamba gari lipo. Ukweli ni kwamba niliogopa. Niliiona ibara ya saba kwa mwandiko wangu mwenyewe, nikajiambia kwamba sina uso wa kuomba bega.

Tulishuka hadi bondeni. Kokoto zilikuwa zimezama. Gari lilikalia tumbo lake, magurudumu ya nyuma yakawa yanazunguka bure. Injini haikuharibika, naliandika hilo kwa kuwa ni haki. Nilikata majani, nilichimba, nilisukuma. Saa mbili nzima, Aline. Alikuwa hasemi tena, ananitazama tu kupitia kioo nilichokuwa nimekipangusa.

Sikupiga filimbi. Walisikia gari likinguruma mahali pamoja muda mrefu, wakaelewa. Niligeuka nikawaona wanateremka, wanaume kumi na sita na machela. Ndizeye alikuja hadi dirishani.

"Katibu," akasema, "zima hilo gari tumsikie mgonjwa."

Nikazima. Walimtoa, wakamlaza. Mama yako akamwambia Ndizeye kwa pumzi ndogo, "Wewe mgongo umekwisha, mwachie kijana." Wakacheka huku wanainua. Mimi nilitembea nyuma. Miguu yake niliitazama njia nzima, na ilikuwa miguu ya mtu hadi lami, ambako tulipata lori. Alifika hospitali akiwa hai. Daktari aliuliza tulianza safari saa ngapi. Nilipomjibu hakunilaumu, aliitazama saa yake tu. Jioni ile akatutoka.

Juzi nilikwenda kwa Ndizeye kuuliza wale wanaume walikuja kwa ibara ipi, ili niwaombe radhi kwa maandishi. Alinipa kitabu cha mahudhurio, kile nilichokipiga mistari mimi. Tangu nijitoe hadi kabla ya siku ile, machela ilitoka mara kumi na moja. Mbele ya jina la Matiasi pana alama ya kuhudhuria mara kumi na moja.

"Huu ni uongo," nikamwambia. "Sikuwepo."

"Nyumba yako ilikuwepo. Nani unadhani alikuwa anatupikia uji tukirudi jioni na matope? Alisema tuandike jina lako. Tukamwambia mama, wewe unaumwa, kaa. Akasema bega lake ni dogo ila sufuria yake ni kubwa."

Kumbe ndiko alikokuwa akikaa hadi jioni.

Gari lilivutwa kutoka bondeni na liko uani. Ninaomba unitafutie mnunuzi. Sitaki kuliona.

Baba yako,
Matiasi


Runazi, Biharamulo
28 Januari 2024

Baba, shikamoo.

Nimepokea maelezo yako. Tunaamka, tunakula, tunafungua duka.

Nilidhani nikijua nitakukasirikia. Nimekasirika kweli, siku mbili. Siku ya tatu nilikwenda kwa mzee Shibuda kumwambia gari linarudi sokoni. Akauliza, "Mama aliniachia neno gani?" Nikamwambia Mama hakumjua. Akasema, "Alipanda gari langu. Alisema nini?"

Jibu nikaja kulitafuta kwenye barua zako. Lipo katika ile ya tarehe 20 Agosti. Lisome mwenyewe, Baba, wewe ndiye uliyeweka nakala.

Mnunuzi sitamtafuta.

Bintiyo,
Aline


Kabanga, Ngara
17 Machi 2024

YAH: UTEKELEZAJI

Binti yangu Aline,

Marahaba. Mpokee salamu zangu pamoja na za Ndizeye, ambaye mgongo wake kweli umekwisha.

Nakala niliisoma. Tangu tarehe 10 Februari gari linalala kando ya lami, kwenye mashine ya kusaga. Chama kimenipokea, si kama katibu, bali kama mbebaji wa kawaida. Umri wangu unaniruhusu zamu moja tu, ile ya mwisho ya kufikia barabarani. Nabeba, nanawa matope kwenye ndoo, nawasha, nangoja likohoe kidogo, naondoka.

Jana filimbi ililia kwa ajili ya Speciosa, jirani yetu wa ng'ambo ya bonde, aliyeshikwa na uchungu kabla ya wakati. Tulimlaza kiti cha nyuma. Akawa anateleza juu ya nailoni kila kona, anashika mlango, anashika hewa. Nilisimamisha gari na kuichana ile nailoni kwa wembe wa kukatia kamba, kuanzia nyuma hadi mbele, vipande vyote nikavitupa kwenye buti. Alifika. Amejifungua, na wote wawili wanapumua.

Nikingoja nje ya hospitali nilikaa kiti cha mbele, upande wa abiria, ambao sijawahi kuukalia. Kitambaa chake ni cha rangi ya kahawia, laini, na hakina joto. Nimeona ni wajibu wangu kukutaarifu hilo, kwa kuwa mama yako aliomba na sikumjibu ipasavyo.

Baba yako,
Matiasi