Maelezo ya Hilaria Pascal Kuhusu Mashine ya Kusaga Tuliyouziwa

KITUO CHA POLISI KATESH
Tarehe 18 Septemba 1988, saa 5:00 asubuhi

Jina: Hilaria Pascal Qamara
Umri: Miaka 16
Kazi: Mwanafunzi, Kidato cha Pili
Kabila: Mwiraqw
Dini: Mkristo
Makazi: Balangdalalu, Wilaya ya Hanang

Mimi ni binti wa kwanza wa Pascal Qamara, mkulima, ambaye tangu jana yuko mahabusu katika kituo hiki. Reginald Margwe ninamfahamu. Ni fundi wa mashine za kuvunia katika shamba la ngano la serikali, alikuwa jirani yetu, na ni baba yangu wa ubatizo.

Mnamo tarehe 6 Februari 1988, saa nne asubuhi, Reginald alikuja nyumbani. Alisema anahamishiwa Arusha, hivyo anauza mashine yake ya kusaga. Baba na mzee Ignasi, jirani yetu, walikubali kuinunua kwa pamoja. Ili kumlipa, Baba aliuza maksai wake wote wanne. Mzee Ignasi aliuza ng'ombe aliowaweka kwa ajili ya mahari ya mwanawe.

Kwetu ng'ombe wengi hukaa kwenye zizi la mtu mwingine kwa kutunzwa tu, naye hupata maziwa. Kwa sababu hiyo mnunuzi huuliza kwanza, mbele ya majirani. Baba aliiulizia mashine kama anavyoulizia ng'ombe.

"Reginald, hii ni yako au unamtunzia mtu?"

"Ni yangu. Nani anamtunzia mtu mashine, Pascal? Haikamuliwi."

Watu walicheka na Baba akaridhika. Kwetu swali hilo likishajibiwa, hakuna lingine.

Mkataba niliuandika mimi, kwa kuwa nina mwandiko mzuri. Mwalimu wetu alitufundisha kwamba kitu kikiuzwa, iandikwe pia kwamba hakidaiwi. Niliuliza, "Baba Reginald, niandike kwamba haidaiwi?"

Alimgeukia Baba. "Kumbe unasomesha hakimu." Kisha akaniambia kwa upole, "Mwanangu, mimi ndiye niliyekushika ukibatizwa. Leo unanidai maandishi?"

Baba aliniambia nimwombe radhi. Nilimwomba radhi, na sentensi hiyo sikuiandika.

Mnamo tarehe 27 Agosti, kama saa saba mchana, nilikuwa Haydom na Mama tukimtazama shangazi hospitalini. Mama alibaki wodini, nami nikatoka kununua sabuni. Karibu na mabasi nilimwona Reginald akiziba pancha ya baiskeli. Nilimwamkia shikamoo. Alitazama nyuma yangu kwanza, ndipo akaitikia marahaba.

Nilimwambia tulijua yuko Arusha. Alisema, "Kuna jambo dogo ninalimaliza. Usimwambie baba yako kwamba umeniona. Wewe ni mtoto wangu, nakuamini." Nilimwahidi. Sikumwambia Baba wala Mama.

Jana, tarehe 17 Septemba, saa tisa alasiri, dalali wa mahakama alifika na lori na mgambo wawili. Alisoma amri kwamba mashine ilinunuliwa kwa mkopo wa benki, mkopo haujalipwa, na mashine yenyewe ndiyo dhamana.

Baba alimwambia, "Lakini sisi tulilipa."

"Mlimlipa nani, mzee? Benki haikupokea kitu."

Baba alimwonyesha mkataba. Dalali aliusoma wote, akamrudishia, akasema, "Umeandikwa vizuri sana." Mgambo mmoja alicheka. Mzee Ignasi alikaa chini palepale mlangoni.

Baba alichomoa mkanda wa mashine, akaukalia. Alisema hataondoka juu yake mpaka Reginald aletwe. Dalali alisema Baba anazuia amri ya mahakama, tena anajua Reginald alipo, na kwamba walipanga pamoja kuificha mashine. Walimpandisha kwenye lori pamoja na mashine.

Baba hajui Reginald alipo. Anayejua ni mimi. Yuko Haydom, kwa dada yake Odilia, nyumba ya tatu nyuma ya hospitali. Alinionyesha nyumba hiyo mwenyewe siku ile tulipokutana.

Afande ameniuliza kama ninasema haya kwa chuki. Nimejibu hapana. Reginald yuko nje na baba yangu yuko ndani. Ninaamini akiletwa na kuulizwa mbele ya watu, atasema kweli.

Haya ndiyo niliyoyaona na kuyasikia mwenyewe, na hakuna aliyenilazimisha kuyasema.

Sahihi: Hilaria P. Qamara

Maelezo ya askari: Nimemsomea shahidi maelezo yake, amekubali ni sahihi na ametia sahihi mbele yangu saa 6:20 mchana. Taarifa ya Haydom imepelekwa kwa mkuu wa kituo. Shahidi aliuliza kama baba yake atajua nani aliyesema Reginald alipo, na tangu lini alijua. Nimemweleza kwamba maelezo haya yatasomwa mahakamani. Ameomba amwambie baba yake yeye mwenyewe kwanza. Nimempa dakika tano.

Koplo Eliakimu