Kiumbe wa Nuru Aliyejifunza Jina Langu

Mpendwa Dada Hawabai,

Mama hajambo, na nyati wetu wawili wa kufugwa wamezaa salama. Unakumbuka nilivyobisha, kwa shahada yangu ya fizikia, kwamba viumbe wa nuru wanaotangatanga usiku katika mbuga yetu hii ya Banni ni gesi inayowaka tu. Mwezi uliopita, wakati wa magharibi, tulipokuwa tukiwaachia nyati waende malishoni kwa usiku kama kawaida yao, kiumbe mmoja wa nuru alitokea. "Wee msomi, funga mdomo," Baba alininong'oneza. "Mbele yake hatutaji jina la mtu. Akilijua, humwita mwenyewe hadi ampoteze mbugani." Kwa kiburi nikalitaja langu kwa sauti kubwa: "Jusab! Haya, njoo!"

Tangu hapo, kila jioni kiumbe huyo husimama mlangoni petu akiniita kwa sauti yangu mwenyewe. Mimi nimejifungia. Lakini mwanao, mliyempa jina langu, huikimbilia sauti yangu kila aisikiapo. Nakusihi, Idi hii usimlete.

Ni mimi mdogo wako, nisiyethubutu tena kulitamka jina langu.