Diwani Aliyemwita Mpenzi Wake "Ndugu"

Mshauri mpendwa, nisaidie kabla ya Jumanne. Mimi ni Mtanzania, diwani katika mji mdogo magharibi mwa Minneapolis, Marekani, na walionichagua wengi ni Wakongo wa maghorofa ya zamani ambayo kampuni inayoyamiliki inataka kuyabomoa ijenge ya kifahari, na Jumanne baraza linapigia kura sheria ya kuwalinda, tuko watano, wawili wanakubali, wawili wanakataa, nimebaki mimi. Sasa kuna mwanamume, nimwite Anselm, alinisaidia kampeni mlango kwa mlango kwenye theluji, na siku ya kwanza nilimtambulisha kwa heshima ya kwetu, "Huyu ni Ndugu Anselm," wapangaji wakaelewa ni kaka yangu wa damu, nami nikanyamaza kwa kuwa iliniokoa na maswali. Mwezi uliopita alinichumbia, nikakubali, na juzi ndipo akaniambia kampuni hiyohiyo imempa umeneja. Nikimtaja barazani kuwa mchumba wangu, kanuni zitanizuia kupiga kura na sheria itaanguka. Nikinyamaza, nitakuwa nimewadanganya mara mbili. Jumapili Mama Merveille, mmoja wa wapangaji, alinishika mkono kanisani akasema, "Ule ndugu yako ni mutu muzuri, nitamutafutia bibi." Bibi kwao ni mke. Nilicheka, kisha nikaenda kulia kwenye gari. Nampenda, mshauri, na kiti hiki nakipenda pia.

Diwani mwenye hofu

Mama Leah anajibu:

Pole, diwani. Kupenda si kosa, na mtu aliyekanyaga theluji kwa ajili yako si wa kutupwa. Lakini usinichezee. Neno lilikuponyoka siku moja tu, miezi iliyofuata ulijificha nyuma yake kwa makusudi. Na njia ya mwongo ni fupi: ikijulikana kura ilipigwa na mchumba wa meneja, kampuni itaipinga mahakamani, na wapangaji hao watahamishwa huku wakikulaani.

Mtaje Anselm kwa maandishi, ukae nje ya kura. Kisha nenda kwa Mama Merveille kabla hajampata huyo mke, umweleze ukweli wote. Atakufokea, mwache afoke. Mwambie wapangaji waujaze ukumbi Jumanne, wawaombe wenyewe wale madiwani wawili wanaokataa, kwani midomo wanayo. Kiti unaweza kukikosa, na sitakudanganya kwamba utabaki na vyote.

Simu ya kwanza leo iwe kwa mwanasheria wa baraza. Ukianza na Anselm, utamsikiliza yeye, si mwanasheria.