Sema Yangu Kwanza: Mwaka Mmoja Bila Baba Mkubwa

Mwaka umetimia, Baba Mkubwa, tangu kiti chako cha dirishani kibaki kitupu, na mpaka leo Mama Mkubwa akipita hapo na fagio anakizunguka kana kwamba miguu yako bado ipo.

Wengi watakaosoma hapa walikujua kama Mwalimu. Ulifundisha falsafa chuoni mpaka ukastaafu, na ulipostaafu hukuacha. Sisi wa nyumbani tulikujua kwa mengine. Ulikuwa unabisha hodi kabla ya kuingia chumba chako mwenyewe. Ulikuwa unabishana na redio. Mifukoni mwako hamkukosekana kipande cha chaki, nami nikifua nakikuta kimeshakuwa uji, na ukiulizwa unasema, "Hiyo haikuwa chaki, mwanangu. Hiyo ilikuwa hoja."

Baba yangu, mdogo wako, alipofariki, ndiyo kwanza nilikuwa nimemaliza darasa la saba. Ulikuja kunichukua mwenyewe. Shule yangu iliishia pale, maana nilitaka cherehani, na wewe hukunilazimisha lingine. Uliiweka chumbani mwako, ubavuni mwa rafu za vitabu, kwa sababu ndiko kulikokuwa na mwanga mzuri. Wanafunzi waliokuwa wakija kwako kila Jumamosi wakilalamikia kelele, unawaambia, "Iacheni ilie. Mwenzenu anafanya kazi, ninyi mnapiga domo."

Nyumba yetu ilikuwa na sheria moja. Usimpinge mwenzako kabla hujayasema ya kwake vizuri, mpaka mwenyewe akubali, "Hayo ndiyo yangu." Asipokubali anasema, "Bado," unaanza upya. Sheria hiyo uliiita Sema Yangu Kwanza, na haikumwacha mtu, hata Mama Mkubwa.

"Mzee, bomba la jikoni linavuja."

"Halivuji."

"Linavuja, nimeweka ndoo!"

"Sema yangu kwanza."

"Unasema halivuji kwa sababu humtaki yule fundi, anaongea sana."

"Bado."

"Unasema halivuji kwa sababu wewe ni mvivu, na uvivu wako niliukuta humu ndani siku naolewa."

Ulifikiri kidogo. "Hayo ndiyo yangu," ukasema, na fundi akaitwa.

Jumamosi zile mlikuwa mnamzungumzia mtu mmoja, mwanafalsafa wa zamani wa nchi ya mbali. Sisi tulimwita Bwana Mipaka, kwa kuwa kila mlipofungua mdomo lilitoka neno hilo, mipaka. Siku moja nilikuuliza huyo bwana alisema nini hasa. Hukucheka. Ulikuja ukashika kitambaa nilichokuwa nataka kukata.

"Kabla hujakata, unaweka nini juu yake?"

"Pateni," nikasema. Zile karatasi zetu za vipimo.

"Basi yeye anasema akili ya mtu nayo ina pateni zake. Wakati, mahali, hiki kimesababisha kile. Hatuziokoti nje, tunakuja nazo. Kila tunachokiona kinatufikia kimeshakatwa."

"Na kitambaa chenyewe, kabla hakijakatwa?"

"Hicho hakuna aliyewahi kukiona. Akili inayojidai imekiona inajidanganya. Ndiyo maana akataka akili ijiweke yenyewe kizimbani, ijue inaweza nini na inaishia wapi."

Tangu siku hiyo nikawa nawasikiliza kwa kitambaa changu. Mkisema wapo waliokuja baada yake wakauliza, kama kitambaa hicho hakijaonwa na mtu, yeye amejuaje kipo, naona kweli wamemshika pabaya. Mkisema wengine walidai pateni hazidumu, zinabadilika zama kwa zama, nacheka peke yangu, maana nimeshona suruali pana, zikaja za kubana, zikarudi pana. Na walikuwepo waliosema pateni zimo ndani ya lugha tunayokua nayo. Wote hao uliwapenda. Ulikuwa unayasema ya kila mmoja vizuri mpaka tunadhani umehamia kwao, kisha unarudi kwa Bwana Mipaka wako, kama mtu anayevua viatu mlangoni kwake.

Mmoja tu ulishindwa kuyasema ya kwake, naye alikuwa wa humuhumu ndani.

Pilipili alikuwa mwanafunzi wako, jina ulimpa wewe kwa jinsi maswali yake yalivyokuwa yanawasha. Alikula kwetu, alilala kwetu wakati wa mitihani, akaja naye kuwa mwalimu chuoni, akaandika kitabu. Jumamosi moja alikileta, akakueleza kilichomo. Alisema Bwana Mipaka aliandika pia kwamba sisi watu weusi akili zetu ni pungufu.

"Najua," ukasema. "Ni aibu. Lakini hilo ni doa, Pilipili. Shati lenyewe ni zima."

"Si doa, Mwalimu. Ni mshono."

"Doa! Linafulika!"

"Mwalimu, hujasema yangu."

"Hakuna cha kusema! Shati hili nimelivaa maisha yangu yote. Leo unakuja kuniambia lilishonwa ili nisilivae?"

Mguu wangu ulisimama juu ya kanyagio la cherehani. Pilipili aliweka kitabu mezani taratibu, akaaga. Mama Mkubwa alimsindikiza mpaka getini, akarudi peke yake.

"Leo mwenye sheria kaivunja," akasema.

Ulichukua kitabu kile ukakisukuma nyuma ya vingine, kule juu.

Pilipili hakuja tena. Wengine walikuja, lakini mlango ukigongwa unageuka upesi, halafu ukiona ni nani unageuka pole pole. Mama Mkubwa alikuwa anasema, "Mpigie simu, mzee, huyo ni mwanao." Unasema yeye ndiye mdogo, apige yeye. Miezi ikapita hivyo, macho nayo yakaanza kukuacha, na mwili ukawa unapungua ndani ya mashati niliyokushonea mimi. Niliyabana mabega ukiwa umelala ili usigundue. Uligundua.

Asubuhi moja nilikuwa nakusomea gazeti, ukanikatiza.

"Kile kitabu kiko wapi?"

Nilijua ni kipi. Nikapanda kwenye kigoda nikakishusha. Nilikisoma kwa kukwamakwama, maana kina maneno marefu kama uzi uliojifunga, na nikikwama unanisubiri. Mwanzoni ulikuwa unapiga kelele: "Hapana! Ruka hapo!" Mimi siruki, nasoma. Baadaye ikawa, "Soma tena hapo." Kisha ukawa hunikatizi kabisa. Nikirudi kwenye cherehani, nakusikia nyuma yangu ukinong'ona ya Pilipili, unakosea, unarudia, kama mtoto anayesubiri mtihani.

"Hayo ndiyo yake?" ukaniuliza.

"Mimi sijui, Baba Mkubwa. Wa kusema ndiyo ni mwenyewe."

Ukasema, "Mwambie mama yako mkubwa ampigie."

Pilipili alikuja siku ileile. Alikuta umeshavaa, umechana nywele.

"Shikamoo, Mwalimu."

"Marahaba. Kaa. Na nikikosea usinionee huruma."

Ukaanza. Ukasema anachosema yeye ni kwamba Bwana Mipaka alikuwa mtu wa zama zake, na zama zilimpotosha.

"Bado," akasema Pilipili. "Hayo ni yako, Mwalimu, umeyavalisha nguo yangu."

Mama Mkubwa aliguna mlangoni. Ukaanza tena. Ukasema, yule bwana alidai pateni zake ni za binadamu wote, kumbe alimpima mtu mmoja tu, jirani yake, akaandika juu: saizi ya wote.

"Umekaribia. Bado."

Vidole vyako vilipapasa pindo la shati lako.

"Unasema hivi," ukasema. "Ukishampima mmoja ukasema huyu ndiye mtu, basi nguo isipomwenea mwingine, halaumiwi fundi. Unalaumiwa mwili wake. Kwa hiyo yale aliyoandika juu yetu hayakulidondokea shati kwa bahati mbaya. Yalitoka kwenye kipimo. Na mtu anayelipenda shati hilo, kama mimi, hawezi kulifua tu akamaliza. Itambidi alifumue, hata kama mikono inamtetemeka."

Pilipili alifunika uso kwa viganja.

"Hayo ndiyo yangu, Mwalimu."

"Haya. Usije ukadhani umeshinda." Na ulikuwa unatabasamu, Baba Mkubwa, tabasamu ambalo tulikuwa hatujaliona tangu siku ile Pilipili alipoaga. "Jibu ninalo. Njoo Jumamosi."

"Na uje na njaa!" Mama Mkubwa akapaza sauti, maana alikuwa ameshakimbilia jikoni kuficha machozi.

Jumamosi ilikuja, wewe hukuifikia.

Msibani wanafunzi wako walibishana kwenye mabenchi. Mmoja akasema Mwalimu mwishoni alikubali. Mwingine akasema, "Mwalimu? Thubutu!" Wakatugeukia sisi tuliokuwepo. Tukawaambia ukweli, kwamba hatujui. Tulichokisikia ni kwamba ulisema ya mwenzako mpaka mwenyewe akaridhika.

Pilipili huja kila Jumamosi. Hukaa kwenye benchi la wageni, kiti chako hakigusi, na hujaribu kukisia lile jibu. Wiki iliyopita alisema huenda ungemwambia hivi: hata mkasi wa kulifumulia shati tumeupata kwa Bwana Mipaka huyohuyo, maana yeye ndiye aliyeifundisha akili kujiweka kizimbani, na aliyefundisha hivyo hana pa kujificha siku kizimba kinapomgeukia.

Mama Mkubwa alitikisa kichwa kukubali. "Hilo lina harufu yake," akasema.

Kisha wote watatu tukageukia dirishani, kwa mazoea, tukasubiri. Ungesema "Bado" tungefurahi. Ungesema "Hayo ndiyo yangu" tungefurahi. Cherehani yangu ilikuwa imenyamaza muda mrefu kabla sijajua kwamba nimeinyamazisha.

Hapa nimejaribu kusema ya kwako kwanza, kama ulivyotufunza. Ya kwetu ni mafupi: nyumba ni kubwa mno bila wewe.

Unakumbukwa na mkeo, ambaye bomba lake linavuja tena na fundi ni yuleyule. Na wanao, kaka mpima ardhi na dada muuguzi. Na wajukuu wako, wanaogombania rimoti kwa sheria yako. Na Pilipili, ambaye anasema jibu lako analidai. Na mimi, binti wa mdogo wako, ninayeshona pale pale penye mwanga wako.

Tutakukumbuka siku zote, Baba Mkubwa, na Jumamosi zaidi.